Geti Kwenye Ukingo wa Mfereji

Ndugu zangu mnaokaa juu ya mfereji, na ninyi mnaokaa chini, na hata ninyi ambao maji mnayajua ya bomba tu, sogeeni. Nina habari ya nyumba moja, na siisimulii ili nimcheke mtu. Mwenye nyumba hiyo yuko hai, tunasalimiana, na nguo zake namfulia mimi. Ila kuna jambo lililotupata ambalo likinyamaziwa litawapata na wengine, na mimi kunyamaza sikujaliwa.

Mimi ni dobi. Kibanda changu cha kufulia na kupigia pasi kipo kwenye daraja dogo, pale barabara ya lami inapouvuka mfereji. Hapo hapiti mtu nisimwone. Najua nani ana shati moja tu la kutokea, na najua nani anasingizia mvua kumbe mtoto wa darasa la nne bado anakojoa kitandani. Basi haya nitakayowaambia mengi niliyaona kwa macho yangu, na yale ambayo sikuyaona niliambiwa na wenyewe waliohusika.

Asubuhi zetu zilikuwa hivi. Mlinzi wa maji anafungua lango kule juu, maji yanaanza kushuka, ya rangi ya chai ya maziwa, yakisukuma povu na majani makavu. Ukingoni, sambamba na yale maji ya mbele kabisa, anatembea mtu na jembe begani. Huyo ndiye mwenye zamu. Kazi hiyo tunaiita kuyasindikiza maji, na si matembezi. Maji hayana adabu, yakiona upenyo yanaingia. Njiani kuna michepuko ya mashamba ya juu (acheni kucheka, nasema michepuko ya maji), na kila mchepuko unazibwa kwa gunia la udongo. Mwenye zamu anahakikisha kila gunia limekaa sawasawa, anaokota machupa, anatoa tawi lililokwama. Ukiyaacha maji yaende peke yake, yatafika shambani kwako yamebaki ya kunawia uso.

Kwa hiyo ukingo ule ulikuwa njia ya kila mtu. Upande wa pili wa mfereji ni mwamba mtupu, hata mbuzi anaufikiria mara mbili. Upande wa kwetu ndiyo ilikuwa njia, pana ya kutosha toroli mbili kupishana kwa heshima. Watoto wa shule walipita hapo, na wagonjwa wa chini walipitishwa hapo kupelekwa zahanati. Hakuna aliyewahi kuuliza njia ni ya nani. Ungeuliza, watu wangekupa pole wakidhani una homa.

Sasa, ukitoka darajani kushuka, nyumba ya kwanza ilikuwa ya fundi mmoja wa kuchomelea vyuma. Tulimwita Fundi Geti, kwa sababu mageti yote mazuri ya mji wetu yalitoka mkononi mwake. Geti lake hulisukumi, unaligusa kwa kidole linakwenda lenyewe, na ukilifunga huwezi kupitisha hata kijiti kwenye ungio. Hakuwa mlevi wala mgomvi. Alikuwa na mke wake mpole, Mama Pacha, na watoto wao wawili waliofanana mpaka mwalimu akawa anawaadhibu wote kwa kosa la mmoja.

Na alikuwa na dada. Huyu sote, wakubwa kwa wadogo, tulimwita Dada Mkubwa. Mama yao alifariki fundi akiwa bado hajaota meno, na msichana yule akaacha mchezo wa kitoto akawa mama. Alimbeba mgongoni kwenye ukingo huo huo huku akiyasindikiza maji ya shamba la baba yao. Alipokua akaolewa, akapata binti mmoja, mumewe akafa. Akabaki na shamba la vitunguu kule chini, mbele kidogo ya nyumba ya mdogo wake. Vitunguu vile ndivyo vilikuwa mume wake, na ndivyo vilikuwa pensheni yake. Msimu ukiharibika, Dada Mkubwa hakuwa na mlango wa pili wa kugonga, isipokuwa mlango wa mdogo wake, na mama yule kuombaomba hakuzoea.

Mambo yalianza kuharibika pale wezi walipoingia kwenye karakana ya fundi wakabeba vyuma. Mimi mpaka leo nasema mabomba marefu vile hayabebwi begani, wale walikuja na gari kwa upande wa barabara. Lakini fundi aliapa kuwa walipita ukingoni. Akaanza kumtazama kila mpita njia kwa jicho la pembeni. Mtu akikohoa nyuma ya nyumba, fundi anatoka na nyundo.

Wakati huo huo wakaja wapima ardhi. Walipima mtaa mzima, wakapanda mawe ya mipaka, baadaye watu wakapewa hati. Jiwe la fundi likaangukia pembeni kabisa mwa maji. Yaani kwa hesabu ya jiwe lile, ukingo wote nyuma ya nyumba yake, pamoja na njia, ulikuwa ndani ya kiwanja chake.

Jamani, mtu mzima akipewa hati ni kama mtoto aliyepewa filimbi. Lazima aipulize.

Siku ile alikuja mpaka kibandani kwangu, uso umemwiva kwa furaha. "Dobi, unajua mimi nimekuwa mjinga miaka yote hii? Ile njia ni ya kwangu!"

"Ya kwako vipi, fundi? Si tunapita wote?"

"Mnapita kwa hisani yangu. Na hisani imeisha."

Nikamwambia, "Fundi, kanuni ya mfereji unaijua tangu ukiwa mtoto. Anayepakana na mfereji anaacha njia. Ardhi yako, sawa, lakini watu wanapita."

"Kanuni za mdomoni hizo. Mimi nina karatasi yenye mhuri."

Akaondoka akipiga mluzi. Siku zilizofuata tukawa tunasikia mashine yake ikinguruma. Alijenga uzio wa mabati kuanzia ukuta wa nyumba mpaka kwenye jiwe la mpaka, mabati yakavuka juu ya maji hadi kwenye mwamba wa ng'ambo, upande wa juu na upande wa chini wa kiwanja. Upande wa juu akaweka geti, na upande wa chini kijilango chembamba cha kupita mtu mmoja, chenye komeo kwa ndani. Ndugu zangu, mimi si mtu wa kusifia kilichoniumiza, lakini geti lile lilikuwa zuri. Lilikuwa na milango miwili mizito, ncha kali juu na bawaba nene kama mkono wa mtoto. Katikati akaninginiza kufuli, na pembeni kibao alichokiandika mwenyewe kwa rangi nyekundu: MALI BINAFSI. HAKUNA NJIA. Ukingo uliokuwa ndani akaumwagia zege, akaugeuza sehemu ya kupakia vyuma.

Wa kwanza kulifikia lile geti akiwa na zamu alikuwa Dada Mkubwa. Mungu ana mipango yake. Niliacha pasi, nikamfuata kwa nyuma, maana nilijua hapo kuna neno.

Alifika, akasimama. Maji yakapita chini ya mabati yakaendelea na safari, yeye akabaki. Akagonga kwa mpini wa jembe.

"Mdogo wangu! Fungua, maji yananiacha."

Fundi akatoka akijifuta mikono. Akacheka kidogo, kile kicheko cha mtu anayejua amekosa lakini hataki kuambiwa. "Dada, shikamoo. Wewe usihangaike. Nimekuchongea ufunguo wako." Akautoa mfukoni, akaupitisha kwenye nafasi ya nondo.

Dada Mkubwa hakunyoosha mkono. "Marahaba. Na wenzangu?"

"Wenzako wepi?"

"Jirani yangu wa mahindi. Wale watoto wa shule. Yule bibi anayekwenda zahanati kila wiki. Wao funguo zao ziko wapi?"

"Dada, hao si ndugu zangu. Nikimpa kila mtu ufunguo, si bora nisiweke geti kabisa?"

"Sasa umesema la maana. Usiliweke."

"Nimeibiwa, dada!"

"Umeibiwa na mwizi, unawafungia wakulima." Akaliweka jembe begani. "Yule jirani wa mahindi, siku nilipoumwa, aliyasindikiza maji yangu hapa mpaka shambani, akarudi kwake matope mpaka magotini. Leo nipite kwa ufunguo wangu wa mfukoni, yeye arudishwe? Kaa nao. Mimi sipiti mahali ambapo mwenzangu anarudishwa."

Akageuka, akanipita bila kunisalimia. Nilimwona ana machozi, na Dada Mkubwa hakuwa mtu wa machozi. Fundi alibaki ameushika ule ufunguo kwenye nondo, kama muuzaji ambaye mteja amemkimbia.

Mtauliza, sasa watu wa chini walipita wapi? Walipita barabarani. Ukitoka darajani kwangu, lami inazunguka kilima chenye machimbo ya mchanga, inapinda kona moja mbaya, ndipo inashuka na kufika mashambani. Barabara ile haina pembeni. Upande mmoja ni ukuta wa udongo wa kilima, upande wa pili ni mtaro mrefu wa maji ya mvua, na katikati wanapita madereva wa malori ya mchanga ambao nadhani huwa wanafukuzwa na mtu. Tena mwenye zamu hapiti polepole. Maji yanakata moja kwa moja kwenye mfereji, yeye anazunguka kilima, kwa hiyo lazima akimbie ili ayawahi upande wa pili. Ukimkuta mtu anakimbia na jembe kwenye ile kona, ujue ni zamu yake.

Watu walilalamika, bila shaka. Tulikwenda kwenye kamati ya mfereji, kwenye kile chumba chao chenye mabenchi mawili na ramani iliyoliwa na mchwa. Mwenyekiti tulimpa jina la Mzee Tutaangalia, kwa sababu ukimletea shida yoyote duniani, hata ukimwambia nyumba yake inawaka, atakwambia tutaangalia. Fundi akaja na hati yake ndani ya mfuko wa plastiki. Akaisoma kwa sauti, jina lake akalirudia.

Jirani wa mahindi akasimama. "Mwenyekiti, sisi hatudai ardhi ya fundi. Ni ya kwake, tumekubali. Tunadai kupita tu. Kanuni inasema hivyo, na wewe ndiye uliyetufundisha wengine."

Mzee Tutaangalia akakuna kidevu. Kila mtu mle ndani alijua kwa nini anakuna. Lango kuu la maji lilikuwa limeoza, na fundi alikuwa ameahidi kuitengenezea kamati lango jipya bure. Unamkaripia vipi mtu ambaye chuma chake unakingoja?

"Jambo hili ni zito," akasema. "Lina pande mbili. Tutaangalia."

Dada Mkubwa alikuwa amekaa mwisho wa benchi. Akasema bila kusimama, "Mwenyekiti, wakati unaangalia, sisi tunapita kwenye ile kona."

"Nimesikia, mama. Tutaliangalia na hilo."

Kikao kikaisha. Watu wakatoka wakinung'unika, wakafika njiani wakaanza kuzungumza habari za mpira. Ndivyo tulivyo, na nitalirudia hili mbele. Jambo likituudhi tunalipigia kelele mpaka mlangoni, tukishavuka kizingiti tunalizoea.

Mfereji nao ukaanza kuumwa. Kipande kile cha kwa fundi hakuna aliyekisafisha, tope likajaa. Watu wa juu, walipoona wa chini hawatembei tena na maji kama zamani, magunia yakaanza "kuhama yenyewe." Maji ya chini yakapungua. Vitunguu vya Dada Mkubwa vikawa na majani ya njano kwenye ncha, na ndiyo kwanza vilikuwa vinaanza kujaa. Kitunguu kikikosa maji wakati ule, hata ukikimwagilia baadaye kwa machozi hakinenepi tena.

Nyumbani kwa fundi hakukuwa na amani pia. Mama Pacha aliniambia mwenyewe, siku aliyoleta mashuka. Mumewe alikuwa akila chakula bila kuongea. Siku moja mke akajikaza.

"Baba Pacha, dada yako anapita barabarani. Nimemwona leo, lori limempita hapa na hapa, kitambaa kimemtoka kichwani."

"Ufunguo nilimpa, akakataa."

"Mpelekee tena."

"Nimpelekee mara ngapi? Kile ni kiburi, mama. Dada yangu ana kiburi tangu zamani."

"Basi liache geti wazi asubuhi tu, wenye zamu wapite, halafu ufunge."

Fundi akaweka kijiko chini. "Nikifungua asubuhi moja, kesho watasema ni haki yao."

"Si ni haki yao?"

Hapo fundi alinyanyuka akaenda karakanani, na mwanamke akaondoa vyombo. Mama Pacha aliniambia, "Dobi, mume wangu si mbaya. Ila ile karatasi imemfanya aone aibu kurudi nyuma." Nami nikaona amesema kweli. Wengi wetu hatuangushwi na ubaya, tunaangushwa na aibu ya kusema nilikosea.

Ikafika tena zamu ya Dada Mkubwa. Ilikuwa asubuhi ya ukungu mwepesi, jua linatafuta pa kupenya. Nilimwona anakuja kutoka juu, anatembea na maji yake, anakanyaga magunia kwa kisigino kuhakikisha yameshiba. Alikuwa na furaha kwa sababu maji yalikuwa mengi. Mlinzi alikuwa amemfungulia vizuri.

"Dobi, leo vitunguu vyangu vitakunywa mpaka vicheuke!"

Nikacheka. Halafu nikamwambia, "Dada Mkubwa, sikia. Ukungu huu si wa kupita kwenye ile kona. Gonga kwa mdogo wako, akufungulie. Leo tu."

Aliitazama njia ya ukingoni, akalitazama lile geti. Nilidhani amekubali. "Leo tu ndiyo inayozaa kesho, dobi. Nikipita mimi leo, wenzangu wamekwisha." Akalipandisha jembe begani, akasema, "Maji yananiacha," akaanza kukimbia kidogo kidogo, zile mbio za mama mtu mzima ambaye goti moja halimsikilizi.

Yaliyotokea upande wa pili wa geti aliniambia fundi mwenyewe. Alikuwa juu ya zege lake anapanga nondo. Akaona maji yamejaa, akajua ni ya dada yake. Yakaleta tawi kubwa, likakwama chini ya uzio. Fundi akaingia kwenye mfereji na nguo zake za kazi, akalivuta tawi mpaka likatoka, maji yakafunguka yakaenda. Alifanya hivyo kwa mapenzi, na mimi namwamini. Kisha akasimama upande wa chini wa uzio, akisubiri kumsikia dada yake anatokea mbele kule, maana Dada Mkubwa akiyawahi maji alikuwa na desturi ya kuyapigia kelele kama mtu anayeita ng'ombe. Alisubiri. Hakusikia kelele.

Mimi nilisikia breki.

Sitawaeleza nilichokikuta kwenye kona. Nitasema tu kwamba dereva alikuwa kijana, amekaa chini kwenye lami, ameshika kichwa, anasema, "Sikumwona, mama yangu, sikumwona, sikuwa na pa kukwepea." Na kweli hakuwa na pa kukwepea. Wala Dada Mkubwa hakuwa na pa kukwepea. Jembe lilikuwa limerukia mtaroni.

Maji yalifika shambani kwake bila mwenyewe. Hakukuwa na mtu wa kuyafungulia tuta. Yakajaa mferejini, yakapanda, yakaingia njiani, yakatengeneza dimbwi mbele ya nyumba yake. Waliokwenda kumpa habari binti yake walivuka dimbwi hilo kwa miguu.

Sasa sikilizeni habari ya mazishi, kwa sababu hapo ndipo fundi aliponyolewa bila maji.

Makaburi yetu yako juu, ng'ambo ya daraja. Jeneza lilitoka nyumbani kwa marehemu, kule chini, na njia fupi ilikuwa ni ile ya ukingoni, kupita kwa fundi. Asubuhi ile fundi aling'oa mabati ya upande wa chini kwa mikono yake. Akafungua kufuli, akafungua milango yote miwili ya geti mpaka mwisho. Vyuma vyote vilivyokuwa juu ya zege akavihamisha, akafagia. Akavaa suruali nyeusi niliyompigia pasi mwenyewe. Akasimama pembeni, kofia mkononi, anamngoja dada yake.

Tulikuja wengi, polepole, wanaume wakipokezana jeneza. Binti wa marehemu alikuwa mbele. Ni msichana mtulivu, mshonaji wa nguo, maneno yake ya siku nzima unaweza kuyafunga kwenye kitambaa cha mkononi. Alipofika pale uzio ulipokuwa, akasimama. Nasi tukasimama.

"Mjomba," akasema.

"Pita, mwanangu. Njia ipo. Nimeifungua."

"Asante, mjomba. Ila mama alikataa kupita hapa." Sauti yake haikupanda hata kidogo. "Alikataa akiwa na miguu yake. Mimi siwezi kumpitisha akiwa amebebwa."

Fundi akarudi hatua moja nyuma.

Binti akageuka kwa wabebaji, akawaambia kwa adabu, "Samahani baba zangu, nawachosha. Twendeni barabarani." Na watu, bila hata mmoja kuuliza, wakageuza jeneza. Jirani wa mahindi alikuwa amebeba mbele, akawa nyuma. Mzee Tutaangalia alikuwa miongoni mwetu, akainamisha kichwa, na kwa mara ya kwanza hakusema neno lake.

Tulirudi, tukazunguka, tukaingia lami. Nyuma kabisa ya watu wote akaja fundi, peke yake, kofia bado mkononi. Lazima niwaeleze kwamba fundi yule ana gari dogo la kubebea vyuma. Barabara ile alikuwa anaipita kila siku kwa magurudumu, hakuwahi kuikanyaga kwa miguu. Tulipofika kwenye kona, honi ikalia, lori la mchanga likatokea. Watu wakajibana kwenye ukuta wa kilima, wabebaji wakaliinua jeneza juu ya vichwa, na mmoja akateleza mguu mmoja mtaroni. Lori likapita, upepo wake ukatupiga usoni na mchanga. Jeneza liliyumba, likashikwa.

Nikasikia sauti nyuma. Fundi alikuwa amepiga magoti kwenye lami, anaupapasa ule ukingo mwembamba wa barabara kwa viganja, kama anapima chuma. "Hapa?" akawa anasema. "Hapa ndipo alikuwa anapita? Dada, hapa?" Wanaume wawili wakarudi kumwinua, maana pale si mahali pa kupiga magoti.

Hayo ndiyo yaliyotokea. Kesho yake mashine ilinguruma kwa fundi kutwa nzima, naye alilikata geti lile vipande vipande. Zege alilivunja kwa nyundo. Njia ikarudi, watu wakapita, tope likazolewa, na kamati ikaandika kwenye ubao kwa herufi kubwa kuwa ukingo haufungwi na yeyote. Wangeliandika mapema, lakini ndiyo hivyo. Vitunguu vya Dada Mkubwa vilikufa. Siku za zamu ya shamba lile, fundi huyasindikiza maji yeye mwenyewe, anayafikisha mpaka kwenye tuta la mpwa wake. Binti anafungua tuta, anayapokea maji, anasema, "Asante, mjomba." Halafu anaingia ndani. Hajawahi kumkaribisha kukaa, na fundi hajawahi kuomba.

FUNZO

Ndugu zangu, mwenye hati ana haki yake, na mimi siwafundishi kudharau hati. Jasho la mtu liheshimiwe, na mipaka ya mtu ijulikane. Lakini ardhi inayopakana na maji ya watu wote si kama ardhi ya kona ya chumbani. Ukiipata, umepata na wapita njia wake. Kuwaachia wapite si hisani unayowafanyia, ni deni ulilolikuta hapo kabla hujazaliwa. Ukiifunga njia, watu hawataacha kwenda, kwa sababu mashamba yao yapo, zahanati ipo na shule ipo. Watakwenda kwingine, na huko kwingine ulikowasukuma wewe hukujui.

Wenye kamati na vyeo, neno "tutaangalia" lina mwisho wake. Kanuni ikiwa inajulikana, isimamieni siku ile ile, hata kama aliyeivunja ndiye mnayemtegemea kwa jambo jingine. Na zaidi huyo.

Na sisi wengine, tuliopiga kelele mpaka mlangoni kisha tukazoea, tusijifiche nyuma ya fundi. Mama mmoja mwenye goti bovu alisimama kwa ajili yetu wote, nasi tukamwacha asimame peke yake. Tungekwenda watu wote wa juu na wa chini, mchana, tukakaa mbele ya lile geti mpaka lifunguliwe, fundi angeona aibu ya siku moja, na dada yake angekuwa hai.

Kama kwenu kuna mtu amefunga njia ya mfereji, mwendeeni leo. Nendeni wengi, nendeni kwa heshima, mwambieni maneno yale yale ambayo mngeyasema msibani. Myaseme kungali na mtu wa kupita.